Mwaruvie

Mimi nilikuwa kinywa chake.
Mwalimu wa Kifaransa, wanafunzi sita, kitabu kimoja
chenye jalada lililoliwa na mende.
Mwenyekiti wa timu aliponiita Katumba
nilidhani anadai pesa yake ya saruji.

Kumbe kuna mgeni chini ya bati,
goti la kulia kalifunga taulo,
anaitazama mvua ya Tukuyu
kama mtu anayesomewa hukumu.
"Gaël Rouvier," akasema, akanipa mkono.
Tupokigwe, mama maandazi, akadakia kutoka jikoni:
"Mwaruvie! Karibu nyumbani, Mwaruvie,"
na palepale mtoto wa watu akapata ukoo Rungwe.

Miaka kumi na mitano alikuwa mshambuliaji
katika miji ya kwao isiyopigwa picha za kalenda:
mmoja wa makaa, mmoja wa viatu,
mmoja kiwanda kilifungwa, wakabaki na uwanja tu.
Magoli hakuyaongelea.
Alikuwa na daftari la nafasi alizokosa:
tarehe, dakika, mguu upi, upepo ulikotoka.
Mia mbili thelathini na moja.
Ya mwisho ni penalti. Timu ikashuka daraja,
na kesho yake mwoka mikate wa mtaani kwake
akamwambia mkate umekwisha,
huku mikate imepangwa nyuma yake kama kuni.

Aliniambia hayo mara moja tu,
tukimenya parachichi, akacheka kidogo.
Mimi sikucheka; sikujua kama inaruhusiwa.

Uwanjani alisema marefu, nikatoa mafupi.
Yeye: nafasi haiombwi, inanyemelewa,
mpe beki bega alitazame, wewe uwe umeshaondoka.
Mimi: "Amesema msisimame!"
Yeye: mpira ukija mzito wa tope, usiupige, ushawishi.
Mimi: "Taratibu, nyie!"
Goti lake lilitabiri mvua kila siku
na kila siku halikukosea. Tukuyu ndiyo hiyo.

Asajile Mwakibete alimwelewa bila mimi.
Kijana wa kusukuma baiskeli ya ndizi hadi Kiwira alfajiri,
njumu za kuazima, kushoto namba nane, kulia tisa.
Mzungu alikunja gazeti, akaishindilia ile ya tisa,
akapiga goti topeni kumfunga kamba,
goti lilelile.
Msimu ule Asajile alifunga kumi na saba.

Iringa, mechi ya kupanda daraja.
Baridi kavu, vumbi jekundu, bao kwa bao,
na sare haitutoshi.
Dakika za nyongeza refa akatoa tuta.
Asajile akaufuta mpira kwa jezi,
akauweka, akautoa, akauweka tena.
Mtambaa panya ukalia
hata wauza karanga nje ya ukuta wakanyamaza.

Kwenye basi hakuna aliyeimba.
Mafinga. Makambako. Igawa. Uyole.
Mwaruvie alikaa kando ya kijana, daftari pajani,
hakulifungua, hakusema,
nami nyuma yao kinywa tayari,
kama ndoo iliyopelekwa kisimani na kusahauliwa.

Tulishuka saa kumi usiku. Jiko la Tupokigwe limeshawaka;
mumewe alikuwa ameweka dau majogoo wawili.
Alipomwona Asajile akageuzia uso kwenye karai.
Mzungu akachechemea hadi dirishani,
akaweka noti ya elfu tano,
akainua vidole viwili, akamwonyesha kijana.
Mafuta yakachemka.
Tupokigwe akaitazama noti, akamtazama kijana, akarudi kwenye noti.
Kisha akafunga maandazi manne kwenye karatasi.
"Mpe. Na chenji sina."

"Ndaga fijo," akajibu Mwaruvie,
kwa lafudhi ya kumfanya ng'ombe ageuke,
wakaondoka wawili wanatafuna,
mmoja anachechemea, mwingine anapepesuka na usingizi.

Mimi nikabaki pale na njaa yangu, sina la kutafsiri.
Mvua ilianza. Goti lilishasema tangu Igawa.