Ndoo ya Kabula

Kombe halina mlango wa kukataa.
Linafungua mdomo, linameza ziwa,
linatema maji, linabaki na yaliyomo:
tope la Mto Mirongo, mapovu ya sabuni ya Mabatini,
na vyoo vya kule juu ya mawe
ambavyo mvua ya Machi huvitapisha
bila kumpigia mtu hodi.
Ukitaka kujua mji umekula nini wiki hii
usiuulize mji.
Pasua kombe.

Ndiyo kazi yangu. Nina koti jeupe lenye doa la chai,
jokofu linalokoroma, darubini ya kurithi
na daftari la tarehe, ghuba, rangi ya maji.
Leo nimeandika: Luchelele, kijani.
Nikafuta. Nikaandika: kijani cha mlenda uliolala,
maana kijani kiko cha namna nyingi
na hiki bata wa Lutonja walikinywa Jumapili,
Jumatatu hakukuwa na bata.

Kabula alikuwa ameshajaza ndoo.
Wanawe, Sayi na Ngasa, waliingia majini alfajiri
wakipapasa tope kwa vidole vya miguu
kama nilivyopapasa mimi, ufuo uleule.
"Usiyapike," nikasema.
"Nitachemsha."
"Hata ukichemsha."
"Mara mbili. Na ndimu nitakamua.
Mama alitulea kwa haya haya,
na wewe ulikula kwetu, umesahau?"

Sijasahau.
Nakumbuka maganda yakigongana sufuriani
kama meno ya mtu aliyeshikwa na homa,
na mama yake akinilimbikizia mimi
kwa kuwa nilikuwa mgeni na mwembamba.
Lakini mwaka ule ziwa lilikuwa maji.

Nikamweleza: moto huua kijidudu.
Sumu hii si kijidudu,
haifi kwa sababu haiishi.
Itachemka pamoja na mchuzi, itapoa pamoja na mchuzi,
itajibanza kwenye ini kama mgeni
asiyesema ataondoka lini.
Haina harufu. Haina uchungu.
Ulimi, Kabula, ni mlinzi aliyelala.

Akaitazama ndoo, akanitazama.
"Basi tule nini? Daftari?"

Hapo maabara haikuwa na jibu.
Nikatoa elfu nane, nikainunua ndoo yote,
nikayafukia nyuma ya ofisi, shimo la futi tatu,
nikalala usiku ule nikijiona mtu mwema.

Kesho yake wakaja Sayi na Ngasa
na ndoo mbili.
Nyuma yao, mtoto wa jirani, na beseni.

Nilicheka hadi nikakaa chini.
Kisha sikucheka tena.
Nikawapa chupa tupu zenye vifuniko:
nileteeni maji, si makombe,
asubuhi kabla ya upepo, penye jiwe lilelile,
mia tano kwa chupa, na miguu mnawe bombani.

Wakaleta.
Nikazipanga dirishani, siku kwa siku:
mlenda, mlenda, mlenda mwepesi,
maji ya kuoshea mchele,
halafu ile ya Alhamisi moja
ambayo niliiinua nikasoma kalenda ya ukutani kupitia tumbo lake.

"Tayari?" Kabula akauliza.
Bado. Maji husahau upesi,
kombe halisahau upesi.
Nikapima. Nikangoja. Nikapima tena,
yeye akipika maharage na kunisema kwa majirani.

Wiki ya tisa nikampelekea karatasi.
Hakuisoma. Aliinjika sufuria,
akayamenya, akayapakua,
akaiweka sahani mbele yangu, mikono kiunoni,
wanawe wakichungulia nyuma ya kanga yake.
"Anza wewe."

Nikaanza. La kwanza, la pili.
Lilikuwa na ladha ya kwao, ya zamani,
chumvi kidogo, tope kidogo,
ladha ileile, haswa,
ambayo ndoo ile niliyoifukia ingekuwa nayo.