Kati ya Sita na Saba

Jengo liko nyuma ya Barabara ya Kirinyaga,
chini wauza vipuri, juu washona sare za shule,
na lifti ni kongwe kuliko uhuru.
Nimeitia grisi miaka kumi na tisa.
Najua inavyokohoa. Najua inapodanganya.
Ila sikujua, hadi jana Jumanne,
kwamba kati ya ghorofa ya sita na ya saba
kuna nchi.

Tulibandua mlango kwa mtaimbo, mimi na Shikuku,
kijana wangu wa kazi.
Badala ya ukuta, uwanda:
nyasi rangi ya kutu,
mbingu imeinama kama dari lililovujiwa.
Akawasha tochi. Giza.
Akaipigapiga kiganjani. Giza lilelile.
Kumbe huko mwanga ni mvivu,
ukiuwasha leo hufika kesho kutwa,
na huo mwanga hafifu uliotuonyesha njia
sijui nani aliuwasha,
wala kama yu hai.

Sauti nazo huanguka.
Neno likitoka kinywani hudondoka miguuni
mithili ya punje za maharage,
na wenyeji huja na fagio, hulizoa.
Warefu hao, wana visogo pande mbili,
na kiunoni kila mmoja amevaa kamba ya mafundo,
fundo moja, deni moja.

Maana huko uzito ni deni.
Anayedaiwa ndiye akanyagaye ardhi.
Mtoto akizaliwa hukopeshwa jina upesi,
asije akapaa.
Jirani huazima chumvi asiyoihitaji
kwa sababu usiku utakuwa na upepo.
Na tajiri wao, asiyedaiwa hata sindano,
tulimkuta amefungwa kwenye kisiki kwa minyororo,
miguu juu,
analia machozi yanayopanda.

Mfagiaji mmoja aliyaokota maneno yetu,
akayapima kiganjani,
akaashiria: nani anamdai nani?
Shikuku akacheka, akanionyesha mimi.
Mia tano. Tangu Pasaka.

Nami, Mungu wangu,
kwa kutaka kuonekana mwungwana mbele ya wageni,
nikasema: Achana nayo, kijana.
Nimekusamehe.

Punje zikadondoka. Mfagiaji akaangusha fagio.
Visigino vikainuka kwanza, kisha vidole.
Alidhani ni mchezo, akapunga mikono kama kuku.
Nikarukia mguu, nikashika kamba ya kiatu,
kamba ikachomoka tundu kwa tundu
ikabaki mkononi mwangu.
Huko juu akapiga ukelele,
nao ukanifikia umechelewa, punje moja tu.
Nikaitia mfukoni.
Usiku kucha nimeitikisa sikioni. Haisemi.

Mamake, Dandora, amenipigia simu mara tatu.
Nimemwambia: Nitakuletea.
Na hilo nalo ni deni.

Leo asubuhi nimeingia kwenye lifti peke yangu,
mimi mwembamba, kilo hamsini na nane na viatu,
kengele ikalia: uzito umezidi.
Nikaweka chini spana. Ikalia.
Nikavua koti. Ikalia.
Mshona sare akachungulia, akasema,
Fundi, lifti yako imeharibika.
Haijaharibika.
Kwa mara ya kwanza inasema kweli.

Kesho Alhamisi mwanga wa tochi yake utafika.
Nitapanda ngazi, kwani lifti haitanibeba,
nitabandua mlango ule,
mtu mzito kupita wote Nairobi,
hakuna upepo utakaoniondoa.
Kwa kuwa maneno hayapandi huko, nimeandika,
nyuma ya risiti ya grisi, kwa kalamu nene.
Nimeifunga risiti kwenye nati kwa kamba yake mwenyewe.
Zamani nilikuwa hodari wa manati.
Nitairusha,
na mwanga ukimkuta ameidaka, asome:

Shikuku,
nilikosea hesabu.
Nakudai.
Shuka.