Mzunguko wa Pili

Saa kumi alfajiri, Akureyri. Theluji imeziba dirisha.
Jitu la mwisho limeanguka,
mashine yauliza: tuanze upya?
Hallbera anabonyeza ndiyo.

Arudi lango la kwanza na mali yake yote:
ngazi ya hamsini, ngao,
bunduki ya dhahabu aliyoihangaikia wiki tatu.
Ramani tu ndiyo imefutwa.

Kibaka wa kwanza, jana alikufa kwa kofi;
leo dhahabu yamkuna mgongo.
Anapokata roho hatimaye
adondosha bastola yenye kutu
inayoishinda ile ya dhahabu.
Hallbera acheka peke yake. Abadilisha.

Mlinzi: "Karibu, mgeni."
Hamkumbuki hata sura.

Na yule atakayemsaliti darajani
anampa risasi za bure.
Azipokea.
Asema ahsante.