Siri ya Jabez

Jumatatu ni siku ya kufua hapa Harrowclough,
mvua itake isitake.
Pipa langu halina tabaka:
kola za Bwana Entwisle mwenye kiwanda,
kanzu nyeupe ya kasisi,
fulana ya mchimba makaa inayochuja weusi
hata suuza ya saba.
Najua nani hutokwa damu puani usiku,
najua mke wa nani kahamia chumba cha pili.
Uchafu wa mji mzima umepita viganjani mwangu,
ila daftari la wapiga kura halina jina langu,
wala la Bi Entwisle, na farasi wake wanne.
Hapo tu ndipo mimi na yeye tulipo sawa.

Mwaka ule Jabez alipopewa haki
alipanda jukwaani mbele ya kadamnasi,
kofia mkononi.
Karani akauliza, "Unamtaka nani?"
Akamtaja kwa sauti, kama mtu anayeagiza mkate.
Karani akaandika.
Wakala wa Entwisle, mwenye nyumba wetu, naye akaandika.
Walevi wa bia ya bure wakamrushia kabichi.
Kabla ya Krismasi tulikuwa tunasukuma mkokoteni,
kitanda chini,
sufuria ya kuchemshia nguo juu ya kitanda,
Tabitha ndani ya sufuria, anacheka.

Sasa kuna sheria mpya. Alhamisi
alisimama nyuma ya mbao, peke yake,
kama mtu aliye chooni,
akarudi nyumbani kula viazi.
"Umemchagua nani?"
Akatafuna. Akameza.
"Ni siri, Keziah. Ndiyo sheria."

Siri ya mtungi aijuaye kata.
Miaka kumi na tisa nimekuwa kata ya mtungi huu!
Zamani nililijua lile jina, na mji ukalijua,
tukafukuzwa nalo sote watatu.
Leo wakala hajui. Nafurahi, Mungu anajua nafurahi.
Nami sijui.

Shati lake la Jumapili, alilolivaa siku ile,
lina doa la penseli ukingoni mwa mkono.
Nimeligeuza dirishani, huku na huku.
Halisomeki.

Nimelifua la mwisho,
baada ya fulana ya mchimba makaa,
kwa maji yaleyale.