Kwa Herufi

Nalipwa shilingi arubaini kwa herufi.
Nakwangua kuvu, nachovya brashi, najaza weusi
pale mvua ya miaka sabini ilipolamba jina.
Makaburi yenyewe yako nyuma ya iliyokuwa Barabara ya Msitu.
Msitu ulibaki kwenye jina,
kisha jina nalo likabadilishwa.

Siku moja nimekaa juu ya jiwe la Thornton nakula mandazi,
nikajiuliza, huyu kwao alikuwa nani?
Nikaenda Ngara kwa muuza vitabu vya mtumba,
nikanunua kamusi ya majina isiyo na jalada,
A hadi C zimeliwa na mchwa.
Kina Ashby na Bradley wanisamehe.

Thornton: kijiji cha miiba.
Langley: uwanda mrefu uliofyekwa msituni.
Shipton: boma la kondoo.
Na Swinton, Bwana Swinton wa marumaru nyeupe,
mwenye malaika wawili na mnyororo wa chuma kumzunguka,
Swinton ni zizi la nguruwe.
Nilicheka mpaka mlinzi Namachanja akaja kuangalia kuna nini.
Kisha nikaipaka S yake polepole, kama za wengine.
Herufi saba. Mia mbili na themanini.

Sikuwa nimewaza kwamba Mzungu naye
ana jina lenye tope kwenye nyayo.
Shuleni yao yalikuwa majina tu, ya kuita na kuitikiwa.
Yetu ndiyo yaliyokuwa na mvua, na nzige,
na mtoto aliyezaliwa njiani.

Ila kuna jambo kamusi haikulisema,
nimelipata kwa brashi:
kule Thornton hakuna aliyeitwa Thornton.
Ungemwitaje hivyo? Wote walichomwa na miiba ileile.
Mtu huhama kwanza.
Hufika mji wa watu na furushi moja na lafudhi,
na mama mmoja mlangoni huuliza, yupi huyo?
Yule wa Miiba.
Basi, limemganda.
Litamrithi mwanawe, na mjukuu asiyejua mwiba wenyewe,
litapanda meli, litapanda treni,
litateremka hapa penye maji baridi
na kulala chini ya kiti changu cha mchana.

Kaloleni hakuna aliyemwita mama yangu Perpetua.
Nyar Uyoma. Binti wa Uyoma.
Muuza mkaa, mwenye nyumba,
hata padri akisahau daftari lake.
Na Uyoma kwenyewe alikuwa Awuor tu,
mmoja katika kina Awuor tisa.
Alitoka huko ana miaka kumi na saba,
Uyoma ikamtangulia kwenye foleni ya maji.
Alipenda kuitwa hivyo? Sikumuuliza.
Nilikuwa na haya nalo, mbele ya wenzangu.

Isili pia nimeitafuta, ukurasa wa E.
Eastleigh: uwazi wa mashariki, katikati ya miti.
Jumamosi nikatumwa huko kununua vitambaa,
nikasimama kati ya ghorofa na ghorofa, watu wananipiga vikumbo,
natafuta mti.
Kwa Kariokor sikuhitaji kamusi.
Ni jeshi la wapagazi, jina la Kiingereza tulilolitafuna
likalainika, sasa linauza viondo.
Wapagazi wenyewe hakuna anayenilipa niwapake rangi.

Mama yuko Lang'ata, msalaba wa mbao, namba.
Nimeweka akiba kidogo kidogo.
Jiwe ninaloliweza lina nafasi ya herufi kumi.
Perpetua Awuor ni kumi na tatu,
nimehesabu mara mbili, kwa vidole na kwa kalamu.
Nyar Uyoma ni tisa.

Jana fundi wa mawe ameshika patasi, akaniuliza,
hili ni jina la mtu au la mahali?
Nikamwambia wewe chonga,
na uangalie, hizo y ziko mbili.