Masizi

Tsiala alinipa brashi, mshumaa na ukuta mweupe,
akasema: Nataka miaka mitatu ya moshi kufikia Jumatano.

Tulikuwa pembezoni mwa Tbilisi,
katika banda lililowahi kuunda matrekta,
tukijenga jiko la familia moja, baridi ya mwaka tisini na tatu,
umeme ulipokuwa mgeni wa dakika arobaini
na watu wakiamka usiku wa manane kupiga pasi.

Nilipaka. Akatazama, akatikisa kichwa.
Huo ni uchafu. Mimi nimekuomba masizi.
Uchafu hukaa popote. Masizi yana njia:
yanatoka hapa, penye stovu ya mafuta ya taa,
yanapanda, yanakutana na rafu,
yanaipisha kama mtu aliyekutana na mkwewe mlangoni.
Futa.

Nikafuta. Mara nne.

Badri seremala alikuwa amepiga magoti
akiikwangua sakafu mbele ya sinki,
pale tu miguu ya mwenye kuosha vyombo husimama,
na mabomba yasiyopeleka maji popote
aliyakaza kwa nguvu zote,
kana kwamba mpangaji angekuja kulalamika.

Halafu ile droo.
Haimo kwenye mswada. Hakuna aliyepangiwa kuifungua.
Tsiala aliijaza mwenyewe, usiku, mlango umefungwa:
kamba zenye vifundo, kuponi za mkate,
ufunguo wa nyumba isiyokuwapo tena,
betri nne ndogo zenye alama za meno.
Nikauliza, panya?
Sisi, alisema. Redio ikizimika unaiuma betri,
inakupa habari za dakika tano zaidi.

Siku ya kupiga picha, Zhuzhuna, miaka sabini na ushei,
alitakiwa asimame dirishani aseme maneno sita.
Alisema matatu.
Mkono ukashuka wenyewe, ukavuta droo,
ukapapasa kama unaolijua giza lake,
ukatoka na betri.
Akaiuma.

Hakuna aliyemfundisha. Hakuna aliyesema kata.
Tsiala, nyuma ya kamera, alikuwa akitazama viatu vyake.

Kwenye filamu tukio hilo halimo.
Lilirefuka, walisema, na lenzi ilikuwa imelenga dirisha.
Ukuta wangu unaonekana sekunde tisa, nyuma ya bega la mtu.
Mama alikwenda kutazama, akarudi na swali:
Filamu nzuri, lakini wewe ulikuwa wapi?

Pale masizi yanapoipisha rafu, mama.
Sikumjibu hivyo. Nilisema: nyuma.

Wiki ile ile Badri alileta nyundo, na hadi saa sita mchana
jiko lilikuwa rundo la mbao lenye harufu ya rangi.
Tsiala aliokota misumari iliyopinda,
akawa anainyoosha mmoja mmoja juu ya tofali
kwa ajili ya hospitali tunayoijenga mwezi ujao,
na bila kuinua macho akaniuliza
kama najua dari huvuja vipi
juu ya kitanda cha mgonjwa asiyetembelewa.