Tarehe ya Kurudisha

Alhamisi walinipigia simu nimtafutie Halszka nguo ya kuzikiwa.
Mimi, kwa sababu nilimshikia pini miaka thelathini na mmoja,
na kwa sababu hakuwa na mtoto, wala dada, wala paka.

Kabati lake, ghorofa ya nne, mtaa wa viwanda, Lodzi:
viango kumi na viwili, vitupu,
na aproni moja ya kijivu, mfuko umejaa chaki.
Nilicheka peke yangu pale, Mungu anisamehe.
Nilijua nguo zilikokwenda.

Gauni lake la harusi alilifumua mwaka ule wa theluji nyingi,
akamshonea bibi harusi wa filamu aliyetakiwa kuzama mtoni.
Alizama mara tisa, maana mpiga picha hakuridhika,
na mara nane tulilikausha juu ya jiko.
Koti la babake alivalishwa msaliti katika tamthilia ya vita.
Likapigwa risasi kila usiku, Jumatatu tu likipumzika,
naye asubuhi akilitia viraka, akilisemesha taratibu kama mgonjwa.

Alianza kiwandani na miaka kumi na sita, kuunga nyuzi zilizokatika.
Mashine zilimwachia sikio moja.
Ndiyo maana waongozaji walipofoka
aliwageuzia lile bovu,
akaendelea kupima mabega.

Alinifundisha kuzeesha.
Koti jipya, aliniambia, ni uongo mtupu.
Basi tulilichemsha kwa chai ya rangi, tukalisugua viwiko kwa msasa,
tukalitundika wiki nzima na kokoto mifukoni
hadi likalegea mabega kama mtu aliyengoja treni isiyokuja.
"Sasa lina mwenyewe," alisema.

Kuna mwaka tulikuwa na sare kumi na moja, jeshi lilihitaji arobaini.
Tukashona vifua tu, migongo tukaifunga kwa kamba.
Jeshi zima likaenda vitani mgongo wazi, baridi ya Februari,
na kwenye skrini hakuna aliyegundua.
Usione vyaelea, vimeundwa,
na vingine vimebanwa kwa pini.

Nyumba alizojenga zilikuwa na kuta tatu.
Ngazi zilipanda hadi kwenye mbao na giza.
Dirisha, nyuma ya dirisha taa, nyuma ya taa fundi akila mkate na tango la siki.
Lakini ndani ya droo ambazo hakuna ambaye angezifungua
aliweka risiti, ufunguo, jino la mtoto alilolichonga kwa nta.
Nikamwuliza, kamera itaona nini humo?
"Mwigizaji ataweka mkono juu ya meza," akasema.
"Mkono utajua."

Sijui kama ni kweli. Nimeona mikono mingi isiyojua lolote.

Siku ya tuzo walisahau kumtaja. Mwaka uliofuata
walimtaja, wakakosea jina.
Alikuwa nyumbani akifua soksi za askari.

Kwa hiyo nilikwenda ghalani.
Bwana Ziemowit, mtunza ghala, aliniwashia taa mojamoja
kati ya majoho ya wafalme na magwanda ya wachimba makaa,
bila kuniuliza kitu.
Husemwa nguo ya kuazima haisitiri maungo.
Hii ilimsitiri: gauni la sufu, rangi ya zabibu iliyoiva,
alilomshonea mjane wa tendo la tatu
kabla mjane hajafutwa, siku mbili kabla ya pazia kufunguliwa.
Hakuna aliyewahi kuliona kwenye mwanga.
Nilipapasa upindo. Alikuwa ameshonea kitu na humo,
kidogo, kigumu.
Sikufumua.

Mifukoni nilitia kokoto mbili, moja kila upande.

Ziemowit akanisogezea daftari, sheria ni sheria.
Kitu: gauni, moja. Aliyechukua: mimi.
Tarehe ya kurudisha.
Aliramba ncha ya penseli, akatazama dari kwa muda mrefu,
kisha akalifunga daftari
na kulikalia.